Laibrari za Bure Zina Wenyewe

Kuna wateja hapa Nairobi, ukiwajengea mfumo halafu wasikie umetumia laibrari za bure, wanaanza kukata bei. Ati hukutengeneza kitu, ulichukua tu kwa intaneti. Hiyo story inanikera.

Fundi wa masanduku pale Kamukunji hayeyushi chuma. Ananunua bati, anakata, anakunja, anaunganisha, na hakuna mtu humwambia sanduku si lake. Programu ni vivyo hivyo. Duka la mtandaoni linajengwa kwa vipande: kimoja cha kuingia akaunti, kingine cha malipo, kingine cha kutuma SMS. Chini yao vyote vinategemea laibrari zilezile, za kusoma tarehe, kufinya data, kuficha mawasiliano. Uandike hayo yote upya utazeeka. Na ile ya kuficha mawasiliano ukijiandikia mwenyewe, tafadhali pesa ya mamangu usiiweke humo.

Kwa hivyo kutumia si aibu. Shida yangu ni kwamba tunakula kwa chama ambacho hatuchangi.

Cheki OpenSSL. Sehemu kubwa ya tovuti za dunia ilikuwa inalindwa na hiyo laibrari. Hitilafu ya Heartbleed ilipotangazwa Aprili 2014, ndipo watu wengi wakajua mradi huo ulikuwa unapata michango ya kama dola 2,000 kwa mwaka. Kwa mwaka, buda! Na waliokuwa wameegemea hapo ni makampuni ya mabilioni.

Lakini ile ya xz ndiyo ilinishika. Xz hufinya faili, na kwa miaka mingi ilitunzwa na Mfini mmoja, Lasse Collin. Mwaka 2022 watu walimsukuma kwa barua pepe, mbona kazi inachelewa? Akajibu kwamba ana shida za afya ya akili za muda mrefu, tena huu ni mradi wa kujipendea, haulipi. Hapo tayari kulikuwa na "msaidizi" anayejiita Jia Tan. Alisaidia vizuri kwa zaidi ya miaka miwili, akaaminiwa, akapewa funguo. Februari 2024 likatoka toleo 5.6.0 likiwa na mlango wa siri ndani.

Sasa sikia. SSH, ile programu ya kuingia kwa seva ukiwa mbali, yenyewe haihitaji xz. Lakini Linux kadhaa ziliiunganisha SSH na laibrari ya systemd, na hiyo ya systemd ikavuta ya xz. Mlango ukapitia hapo. Uligunduliwa kwa sababu Andres Freund, mhandisi wa Microsoft, aliona kuingia kunachelewa karibu nusu sekunde, akachimba. Nusu sekunde, manze. Wengi wetu tungelaumu bando.

Najua kuna mtu atasema hao wa mabilioni walipe kwanza. Ni kweli, walipe. Lakini na startup ya hapa yenye madevelopa watano haikosi siku moja kwa mwezi ya kurekebisha hitilafu kwenye laibrari inayoilisha. Angalau ijue orodha ya vitu inavyotegemea. Hata hiyo wengi hawana.

Na sisi tusio na pesa? Mimi niliacha campo mwaka wa pili juu ya fees. Walionifundisha kazi ni watu nisiowajua, walioacha misimbo yao wazi nisome usiku kucha bila kuniuliza risiti. Siwezi kuwatumia dola. Naweza kuripoti hitilafu na hatua zote za kuirudia, badala ya kuandika tu "haifanyi kazi." Naweza kumjibu mgeni swali ili mwenye mradi alale.

Wiki hii natafsiri maelezo ya laibrari moja ndogo ya tarehe kwa Kiswahili. Nimekwama kwa masaa: saa moja asubuhi yetu kompyuta inaiita 07:00, na sijui nielezeeje hapo bila kumchanganya mtu. Mwenye wazo, DM iko wazi.