Kombeo, kwelea kwelea na nyuzi 45

Nimerudi Dar juzi kutoka nyumbani Kibaigwa. Wengi wenu Kibaigwa mnaijua kupitia dirisha la basi la Dodoma: soko la mahindi, malori, mahindi ya kuchoma, safari inaendelea. Mimi nilikuwa upande wa pili, kwenye shamba la mtama la dada yangu, ambako mpwa wangu wa kidato cha nne alikuwa zamu ya kulinda ndege, kombeo mkononi.

Kwelea kwelea wakitua hawana utani. Dogo anazungusha kombeo juu ya kichwa, anaachia, jiwe linakwenda chinichini na kutua karibu kabisa na kundi. Nikamwuliza kwa nini halirushi juu zaidi lifike mbali. Akanishangaa. "Mjomba, ukilirusha juu linafika palepale, ila linachelewa. Likitua wameshakula."

Jamani, nilikaa chini. Jambo hilo mimi nilifundishwa kidato cha tano, kwa Kiingereza, ubaoni, na sikulielewa. Nilikariri fomula, nikapata alama za kufaulu, nikakimbia nazo hadi uandishi wa habari.

Hebu tupige hesabu. Chukua jiwe linaloondoka usawa wa ardhi kwa kasi ya mita 20 kwa sekunde, tusahau hewa kwanza. Kwa nyuzi 30 litaanguka mita 35 hivi mbele. Kwa nyuzi 60 litaanguka mita 35 zilezile! Tofauti ni kwamba la kwanza linapanda mita 5 na kutua baada ya sekunde 2. La pili linapanda mita 15 na kutumia sekunde 3 na nusu. Sababu ni kwamba jiwe linafanya safari mbili kwa mpigo: ya kwenda mbele, ambayo haibadiliki, na ya kupanda na kushuka, ambayo dunia inaivuta. Ukiongeza moja unaipunguza nyingine. Galileo aliliandika hilo kitabuni mwaka 1638. Dogo ameliokota kwenye mtama.

Shuleni tuliambiwa nyuzi 45 ndizo zinazofikisha kitu mbali kuliko zote. Kweli, kama hakuna hewa na kitu kinatua usawa uleule kilikoondokea. Lakini Julius Yego wa Kenya, aliyejifunza kurusha mkuki kwa kutazama video za YouTube, alirusha mita 92.72 kule Beijing mwaka 2015 akawa bingwa wa dunia, na warusha mkuki wa kiwango hicho huuachia kwenye nyuzi 35 hivi. Mkuki unabebwa na hewa, unatoka juu ya bega, na mkono wa binadamu una nguvu zaidi ukirusha chini kidogo. Mwalimu wangu hakuwahi kututoa nje turushe hata kokoto tuone.

Najua mtakachosema: mtihani ni wa Kiingereza, dunia ni ya Kiingereza. Sawa, sibishi. Ila mtoto aliyesoma miaka saba kwa Kiswahili anaingia sekondari na kukutana na Kiingereza na fizikia mlango mmoja, siku moja. Akishindwa kimoja tunaandika ameshindwa vyote viwili. Ingegharimu nini mwalimu kuanza na kombeo, kwa Kiswahili, halafu ndipo amwambie Waingereza wanaliitaje? Tunalia kila mwaka kwamba vijana wanayakimbia masomo ya sayansi, na sisi waandishi tunachapa takwimu za kufeli, tunaweka picha ya maabara tupu, tunakwenda kula. Na mimi nimo.

Mpwa wangu amejaza selfomu yake: HGL. Anasema fizikia ni ya wenye akili. Mtoto anayejua kwa mkono wake kwamba pembe mbili tofauti zinaweza kufika sehemu moja!

Jioni nilichukua daftari lake nikamchorea njia zote mbili, ile fupi na ile ndefu. Akaangalia kidogo, akauliza upepo wa Kibaigwa nimeuweka wapi kwenye mchoro. Sikuwa na jibu. Kabla sijajitetea, kundi jingine likatua upande wa mbuyu, akaniachia daftari akakimbia.