Siri ya Dolly Parton haiko kooni, iko katika hati

Mnamo mwezi wa Machi mwaka 2024, mwanamuziki Beyoncé alitoa albamu aliyoiita Cowboy Carter, na miongoni mwa nyimbo zilizomo ni ule wa zamani uitwao Jolene, ulioandikwa na Dolly Parton na kutolewa mara ya kwanza mwaka 1973. Wachambuzi walishughulika mno na rangi ya ngozi ya Beyoncé. Waliuliza: mwanamke mweusi ana haki gani katika muziki wa kantri, ambao wengi huuhesabu kuwa mali ya Wazungu wa kusini mwa Marekani? Suala hilo lina uzito wake, hasa tukikumbuka kwamba hata banjo, ala inayoutambulisha muziki huo, ina asili yake katika ala za Waafrika waliopelekwa huko utumwani. Hata hivyo, palikuwa na suala jingine, la kimya zaidi, ambalo nathubutu kusema linatuhusu sisi wa Kenya kuliko hilo la kwanza. Wimbo ule unapochezwa redioni, ni nani anayelipwa?

Jibu litamshangaza msomaji wengi wetu. Nchini Marekani, stesheni za redio za kawaida humlipa mtunzi wa wimbo na mwenye haki za kuuchapisha. Mwimbaji halipwi kwa kuchezwa huko hata senti moja. Kwa hiyo, Beyoncé aimbapo Jolene, redio humlipa Dolly. Na Whitney Houston alipoitikisa dunia mwaka 1992 kwa wimbo I Will Always Love You, redio zilizoucheza mchana kutwa zilikuwa zikimlipa Dolly vilevile.

Jina lake si geni hapa kwetu. Tangu zama za Sauti ya Kenya, muziki wa kantri umekuwa na wapenzi wake mijini na mashambani, na nyimbo za Jim Reeves, Kenny Rogers, Don Williams na huyu bibi zimechezwa harusini, matangani na katika vilabu vya pombe, hata tukapata waimbaji wetu wenyewe wa mtindo huo, kama vile Elvis Otieno ajulikanaye kwa jina la Sir Elvis. Tatizo ni kwamba tunapomzungumzia Dolly huishia kwenye nywele za bandia, mavazi ya kumetameta na sauti nyembamba ya kinanda. Mambo hayo ni ya jukwaani tu. Nguzo iliyoshikilia maisha yake yote imo katika karatasi alizotia saini na, zaidi ya hizo, katika karatasi aliyokataa kuitia saini.

Dolly Rebecca Parton alizaliwa tarehe 19 Januari 1946 katika wilaya ya Sevier, mashariki ya jimbo la Tennessee, chini ya milima iitwayo Great Smoky. Alikuwa mtoto wa nne kati ya kumi na wawili. Baba yake alilima tumbaku, na kuna wakati alilima shamba la mtu na kugawana naye mavuno. Daktari aliyemzalisha mama yake alilipwa kwa gunia la unga wa mahindi. Msomaji wa Kitale au Njoro hana haja ya kuelezwa maana ya malipo ya aina hiyo. Baba huyo hakujua kusoma wala kuandika, ingawa kila amtajaye binti yake husikia sifa za akili zake. Mama aliimba nyimbo za kale zilizoletwa na wahamiaji kutoka visiwa vya Uingereza, na ndizo zilizomfunza mtoto kwamba wimbo ni kisa chenye mwanzo na mwisho.

Akiwa na umri wa miaka kumi hivi alikuwa akiimba redioni na katika televisheni mjini Knoxville. Mwaka 1964, siku moja tu baada ya kumaliza shule ya sekondari, alipanda basi kwenda Nashville. Hakupata umaarufu kwa sauti kwanza. Mafanikio yake ya mwanzo yalikuwa ya mtunzi: yeye na mjomba wake, Bill Owens, waliandika nyimbo zilizoimbwa na wengine, na wawili hao wakaanzisha kampuni yao ya kuchapisha nyimbo angali msichana wa miaka ishirini hivi. Hapo ndipo penye kiini cha habari yote. Katika biashara ya muziki, mchapishaji si mtu mwenye mtambo wa kupiga chapa. Ni yule aliyeshika hati ya wimbo, kama mtu ashikavyo hati ya shamba. Pato la wimbo hugawanywa sehemu mbili, moja ya mtunzi na moja ya mchapishaji. Mtunzi aliyetoa haki ya uchapishaji amekwisha kuuza nusu ya shamba kabla ya kuonja mavuno.

Mwaka 1967 alijiunga na kipindi cha televisheni cha Porter Wagoner, mwimbaji aliyekuwa na jina kubwa wakati huo. Kipindi kilimtangaza, lakini pia kilimfunika. Alipoamua kuondoka mwaka 1974, hakuandika barua ya kujiuzulu. Alimwandikia bwana huyo wimbo wa kumuaga, nao ndio ule I Will Always Love You. Wengi huucheza harusini wakidhani ni wa mapenzi ya mume na mke, kumbe ni wa mfanyakazi anayemuaga mwajiri. (Lugha ina mizaha yake.) Wagoner alimshtaki mwaka 1979 akidai mamilioni ya dola, na kesi ikamalizwa nje ya mahakama. Miaka mingi baadaye, mwaka 2007, Dolly alisimama kando yake na kumwimbia wimbo uleule, miezi michache kabla ya mzee huyo kuaga dunia.

Wimbo huo ulishika nafasi ya kwanza katika orodha ya kantri mwaka 1974. Elvis Presley akaupenda, akataka kuuimba. Hakuna mtunzi wa Nashville ambaye asingerukaruka kwa furaha. Lakini, kwa jinsi Dolly mwenyewe alivyosimulia mara nyingi, meneja wa Elvis, Colonel Tom Parker, alimpigia simu na kumtajia sharti: Elvis haimbi wimbo wa mtu ila akipewa nusu ya haki za uchapishaji. Dolly alikataa. Asema alilia usiku kucha. Marafiki walimwona amerukwa na akili, kwani nusu ya wimbo ulioimbwa na Elvis ingeweza kuwa na thamani kuliko wimbo mzima usioimbwa naye. Hesabu yao haikuwa ya kipumbavu hata kidogo, na hapo ndipo uzito wa uamuzi wake unapoonekana. Elvis alifariki mwaka 1977 bila kuurekodi.

Ikapita miaka kumi na minane tangu wimbo utoke. Ndipo ikaja filamu iitwayo The Bodyguard na Whitney Houston akauimba kwa namna yake; ukakaa nafasi ya kwanza nchini Marekani kwa majuma 14. Mwaka 2021 Dolly alieleza kwamba sehemu ya pesa zilizotokana na wimbo huo alizitumia kununua majengo ya ofisi katika mtaa wa watu weusi mjini Nashville, kwa sababu aliyeziingiza alikuwa mwanamke mweusi.

Mimi ni mtu wa isimu, na ningependa kuuliza: ni nini hasa alichokataa kukiuza? Si maneno. Ukiyapitia maneno ya wimbo ule hutakuta hata moja ambalo mwanafunzi wa darasa la tano wa Kiingereza halijui. Lugha ni mali ya umma, na hakuna awezaye kuweka ua kuzunguka neno "mapenzi". Sheria hulinda mpangilio: neno hili baada ya lile, juu ya tuni hii. Dolly ameushikilia mpangilio huo kwa ustadi wa pekee, tena bila kuiacha lahaja ya milimani kwao, ambayo wenye elimu wa miji ya kaskazini waliicheka kwa miaka mingi kama Kiingereza cha washamba. Sisi tunaofahamu jinsi msemaji wa Kimtang'ata au Kitikuu anavyochekwa mbele ya mtu wa "sanifu" tunaweza kuupima ujasiri huo.

Chukua Jolene. Mwanamke anamwendea mwanamke mwenzake mzuri kuliko yeye na kumsihi asimnyang'anye mume. Katika tarabu ya pwani yetu mpinzani wa namna hiyo angepigwa kwa fumbo, akaambiwa habari za ua, nyuki na mti usio kivuli mpaka ajikune mwenyewe. Dolly hana fumbo. Anamwita mpinzani kwa jina lake, tena na tena, kama mtu abishaye hodi mlangoni, naye akikiri udhaifu wake bila kificho. Beyoncé alipouchukua wimbo mwaka 2024 aliubadilisha maneno: ombi likawa onyo. Tendo la lugha limegeuka kabisa, lakini jina linaloitwa ni lilelile na tuni ni ileile, na kwa hiyo hati nayo ni ileile.

Isije ikadhaniwa kwamba naandika sifa tupu. Mwenye mali huweza kuitumia apendavyo, hata kwa namna inayotia shaka. Wimbo wake 9 to 5 wa mwaka 1980, alioutunga kwa ajili ya filamu ya jina hilo, ulikuwa kilio cha wafanyakazi wa ofisini, hasa wanawake, wanaotoa jasho ili bosi apande cheo. Mwaka 2021 Dolly aligeuza tarakimu, akauimba kama 5 to 9 katika tangazo la kampuni moja ya kutengeneza tovuti, akiwasifu watu wanaoendelea na kazi nyingine baada ya saa za kazi. Wengi walinung'unika, na nadhani walikuwa na haki. Vilevile ametunza kimya chake katika siasa kwa uangalifu wa mfanyabiashara asiyetaka kupoteza mteja wa upande wowote. Jina la "Dixie", lenye harufu ya enzi za utumwa, liliondolewa katika ukumbi wake wa maonyesho mwaka 2018 tu.

Katika mizani hiyohiyo lakini yapasa kuwekwa mradi wake wa vitabu, ulioanza mwaka 1995 katika wilaya yake ya kuzaliwa kwa heshima ya baba yule asiyejua kusoma. Kila mtoto aliyeandikishwa hupelekewa kitabu kila mwezi tangu kuzaliwa hadi afikapo miaka mitano. Mradi umevuka mipaka ya Marekani na umekwisha kugawa vitabu zaidi ya milioni 200. Mirabaha ya nyimbo inaweza kufanya kazi kubwa ikiwa inamfikia mwenye nyimbo.

Na kwetu je? Wimbo Malaika ulirekodiwa na Fadhili William na kundi lake la Jambo Boys mnamo mwaka 1960 hivi. Ukaimbwa na Miriam Makeba, ukaimbwa na Boney M, ukaimbwa na kila mwenye gitaa katika hoteli za kitalii. Hadi leo, zaidi ya miaka ishirini baada ya Fadhili William kufariki, watu wa Kenya na Tanzania wangali wanabishana aliyeutunga ni nani. Ubishi huo hupendeza vijiweni, lakini waama ni ushahidi wa msiba: wimbo wa Kiswahili uliosikika duniani kuliko nyingi nyingine hauna hati moja ambayo kila mtu anaikubali.

Cha ajabu ni kwamba sheria yetu, ukiitazama karatasini, ni pana kuliko ya Wamarekani. Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001, pamoja na marekebisho yake, inamtambua mtunzi na pia inampa mwimbaji haki ya kulipwa wimbo wake unapotangazwa redioni, jambo ambalo Whitney Houston hakulipata nchini kwake. Marekebisho ya mwaka 2022 yalifika hadi kutaja kwamba msanii apate si chini ya asilimia 52 ya pato la miito ya simu. Sheria ipo. Kinachokosekana ni mambo mawili.

La kwanza ni hesabu. Vyama vya kukusanya mirabaha vimegombana wao kwa wao na kugombana na Bodi ya Hakimiliki juu ya leseni kwa miaka mingi, na wakati huo wote msanii husubiri. Dolly alikataa nusu ya Elvis kwa kuwa alijua kwamba nyuma yake pana mfumo unaoweka kumbukumbu ya kila mchezo wa redio na kuuletea thamani yake. Kumwambia kijana wa Kisauni au Kayole awe mkaidi kama Dolly, hali hakuna anayehesabu, ni kumtania.

La pili ni la fani yangu, nalo halihitaji mabilioni. Mikataba wanayoletewa wasanii wetu aghalabu huandikwa kwa Kiingereza cha mawakili, ambacho hata baadhi yetu tulio vyuoni hukisoma mara mbili. Kijana anayetunga kwa Kiswahili, Kidholuo au Kigiriama hutia saini mahali alipoonyeshwa kidole. Katiba ya mwaka 2010 imekifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi sawa na Kiingereza. Basi Bodi ya Hakimiliki na vyuo vikuu vishirikiane, vitoe mkataba wa mfano kwa Kiswahili cha kueleweka, usambazwe studioni bila malipo. Ueleze nani atashika haki ya uchapishaji, na kwa miaka mingapi. Useme ni katika nchi zipi, na je, kampuni ikiuzwa, wimbo unauzwa pamoja nayo au unarudi kwa mtunzi? Utaje pia nani ataidhinisha maneno yabadilishwe, ili siku mgeni mashuhuri atakapoutaka wimbo wetu, simu yake impate mtu mwenye jibu.