Yongala: onyo lilifika, meli imekwisha ondoka

Mwezi wa tatu kwetu ni mwezi wa mvua, na kila mchimbaji anajua udongo ukishiba maji unaweza kufanya nini. Njo maana leo tunataka kuzungumza juu ya meli moja iliyopotea mbali sana, kule Australia, tarehe 23 mwezi wa tatu mwaka 1911. Jina lake Yongala.

Ilikuwa meli ya moshi, iliyojengwa Uingereza mwaka 1903, urefu wake karibu mita 109. Kazi yake ya kwanza ilikuwa kupeleka watu kati ya miji ya mashariki na pwani ya magharibi, upande wa migodi ya dhahabu. Baadaye ikatumwa kaskazini, kwenye pwani ya Queensland.

Siku ile iliondoka Mackay mchana kwenda Townsville, watu 122 ndani. Kisha telegramu ikafika pwani: kimbunga kinakuja. Meli nyingine zikapata habari, zikajificha. Yongala haikuwa na fonia, na hakuna aliyeweza kuiita irudi. Mlinzi wa mnara wa taa wa Dent Island aliiona ikipita, na huyo njo mtu wa mwisho kuiona. Hakupona hata mmoja. Bahari ilirudisha maiti ya farasi wa mashindano. Ya watu hapana.

Familia zilingoja miaka 47. Mwaka 1958 wazamiaji walitoa sanduku la chuma la kuwekea pesa, na namba iliyoandikwa juu yake ikaonyesha kwamba meli ile ni Yongala. Leo sheria inailinda. Kuizamia kunaomba ruhusa, na kuingia ndani kumekatazwa, kwani mapovu ya pumzi ya wazamiaji yanakula chuma, tena mifupa ya watu ingali mule.

Tunaheshimu sheria ile. Lakini tuseme wazi: ilikuja wakati wafu hawakuwa tena na faida nayo. Kitu ambacho watu 122 walikosa siku ile ni neno moja tu liwafikie kwa saa yake.

Na siye? Kwetu pia neno liko, lakini halishuki chini. Mtu wa juu anaona wingu, anaona ufa kwenye ukingo wa shimo, anasema: tumalize kwanza mifuko hii. Wale wa chini hawajui kitu. Galeri ikianguka, tunaanza kuulizana nani aliingia, na wamama wanazunguka kutoka shimo hadi shimo wakiita majina. Juma moja halijapita, watu wanachimba tena palepale, juu ya ndugu zao.

Wandugu, tunaomba mambo matatu, na hayaombi franga nyingi. La kwanza, daftari kwenye mdomo wa kila shimo: anayeshuka anaandikwa, anayepanda anafutwa. La pili, mtu mmoja juu mwenye filimbi na kamba ya kuvuta, na akiita, wote wapande, hata shefu asibishe. Anayepanda kwa kusikia filimbi asikatwe malipo yake, maana tukimkata leo, kesho hatapanda. La tatu, mahali palipozika watu pafungwe, pawekwe alama, na majina yao yaandikwe.

Wengine watasema njaa haingoji filimbi. Tunajua, watoto wetu pia wanakula kutoka shimo. Lakini mfuko ulioachwa chini leo utachukuliwa kesho. Baba aliyebaki chini, hata tumwekee sheria nzuri namna gani, harudi nyumbani. Tuanze na filimbi na daftari, mvua hii hii.