Barua Isitangulie Kikao

Muuguzi au karani wa mkataba katika kaunti nchini Kenya anaweza kufutwa kwa barua ya mistari minne: huduma zake hazihitajiki tena, arudishe kitambulisho na funguo. Sababu haitajwi.

Hilo ni kosa, na sheria haijaacha mwanya. Kifungu cha 41 cha Sheria ya Ajira ya 2007 kinamtaka mwajiri, kabla ya kumfuta mtu kwa utovu wa nidhamu, utendaji duni au kutojiweza kimwili, amweleze sababu kwa lugha anayoielewa. Kikaoni mfanyakazi ana haki ya kuwa na mwenzake wa kazini au mwakilishi wa chama, na utetezi wao lazima usikilizwe. Usikilizwe kabla ya uamuzi, si baada ya barua kupigwa mhuri! Kwa watumishi wa umma, Ibara ya 236 ya Katiba inakataza pia kufutwa bila kufuata utaratibu wa sheria.

Kweli, mkataba ukifika mwisho huisha wenyewe. Lakini kuukatiza katikati ni jambo jingine kabisa.

Ofisi inayoona kikao ni kupoteza muda ipige hesabu. Mahakama ya ajira inaweza kuamuru fidia ya hadi mishahara ya miezi 12, na ofisi ya umma hulipa kwa kodi ya wananchi. Afisa aliyeruka utaratibu naye aulizwe.