Wanywa Kesho ya Nani?

Katika Birere, mtaa ule wa Goma ulio jirani na mpaka wa Rwanda, liko neno linalosikika jioni penye meza za pombe: Tufurahi leo, maana kesho haijulikani. Vijana walipenda, na wazee wengine walisema. Sisi twasema kwamba ni neno la uongo, nasi twataka kuonyesha kwa nini.

Kwanza tuwatendee haki wanaolisema. Mlima Nyiragongo ulitapika moto mwaka 1977, tena Januari 2002, tena Mei 2021. Mwaka 2002 mto wa mawe ya moto ulipita katikati ya mji, ukameza maelfu ya nyumba pamoja na kanisa kuu la Mtakatifu Yosefu. Mwaka 1994 wakimbizi walivuka mpaka kwa mamia ya maelfu, na kipindupindu kikaua watu wengi mno. Vita viliingia mjini Novemba 2012, vikarudi Januari 2025, na mabenki yakafungwa. Mtu aliyeyaona hayo akisema kesho haijulikani, hasemi upuzi.

Lakini tazameni jinsi anavyomaliza maneno yake. Kesho haijulikani, basi tunywe. Je, hilo "basi" limetoka wapi? Mkulima naye hajui kama mvua itanyesha, hata hivyo hali mbegu zake zote. Kwa sababu hajui, huweka akiba. Kesho isiyojulikana ni sababu ya kujiwekea, si sababu ya kutapanya. Baada ya moto wa 2002 watu walirudi Goma, wakajenga nyumba za mbao juu ya mawe yale yale. Nyumba hizo hazikujengwa kwa chupa tupu. Zilijengwa kwa akiba, kwa likelemba, na kwa mikono ya majirani.

Tufanye hesabu kidogo. Mtu anywaye chupa mbili za bia kila jioni, za sentilita 72 kila moja, hamaliziki kwa kuonekana mlevi. Wenzake humwita mtu wa kiasi. Lakini kwa mwaka amekunywa chupa 730, yaani lita zaidi ya 525, zaidi ya mapipa mawili na nusu ya lita 200. Kila msomaji azidishe chupa hizo kwa bei ya mtaani kwake, kisha atuambie kama mtu huyo hakuwa na fedha, au alikuwa nazo akazimimina.

Tena, kesho anayoinywa ni ya nani? Mama huamka alfajiri, avuka mpaka na beseni kichwani, arudi jioni na faida ndogo. Mtoto amemaliza shule ya msingi, ambayo serikali iliitangaza kuwa ya bure mwaka 2019, lakini sekondari yataka minervali. Baba asemapo kesho haijulikani, kwa mtoto huyo yajulikana sana: kesho atafukuzwa darasani. Na mtoto asiyepata chakula nyumbani wala nafasi shuleni huenda barabarani, na mji humwita maibobo. Hatusemi kwamba watoto wote wa barabarani wametolewa huko na pombe. Vita na umaskini vimewatoa wengi. Lakini ni vibaya kuongeza mikono yetu kwenye kazi ya vita.

Wako wanaotetea anasa kwa jina la ustaarabu. Wasema kwamba binadamu ameumbwa kutafuta raha, na wanaoikataza ni watu wa zamani. Basi na tuwapeleke kwa mwalimu wao mwenyewe. Mgiriki Epicurus, aliyefariki mwaka 270 kabla ya Kristo, alifundisha kwamba raha ndiyo wema mkuu. Je, aliishije? Kwa mkate na maji. Na alipotaka karamu, alimwomba rafiki yake chungu kidogo cha jibini. Aliona kwamba tamaa ikikimbiliwa hukua. Chupa moja ilitosha mwaka jana; mwaka huu tatu hazitoshi. Shirika la Afya Duniani lilitangaza mwaka 2024 kwamba pombe iliua watu milioni 2.6 duniani katika mwaka 2019. Wengi wao walianza kwa kufurahi.

Mwangalieni pia muuzaji. Mwenye baa na mwenye nyumba ya kamari ya mpira hawaamini hata kidogo kwamba kesho haijulikani. Wao huandika daftari, huagiza mali ya mwezi ujao, husomesha watoto wao. Ni mteja tu anayefundishwa kusahau kesho. Serikali nyingine zimekwisha kutambua biashara hiyo: Tanzania ilipiga marufuku pombe ya vipakiti, viroba, mwezi Machi 2017, na Uganda ikafuata mwaka 2019. Kumbe pombe ya bei ndogo ni mtego uliopimwa kwa mfuko wa maskini.

Je, tunakataza furaha? La hasha. Harusi ina ngoma yake, na mpira una kelele zake. Mji wa Goma wenyewe ulianza mwaka 2014 Tamasha la Amani, watu wakakusanyika kuimba na kucheza pamoja katika nchi ya vita. Furaha ya namna hiyo hukusanya watu, na asubuhi kila mmoja arudi kwake akiwa na jirani zaidi. Anasa hutawanya: asubuhi mfuko ni mtupu, mke amenyamaza, na kazi imechelewa. Kipimo ni hicho, hakihitaji elimu kubwa.

Katika Kinyarwanda, ibirere ni majani makavu ya migomba. Kila mpishi ayajua. Huwaka upesi kwa mwanga mkubwa, na maharagwe hubaki mabichi. Chungu huiva kwa kuni zilizokusanywa mapema.

Basi, enyi wanaume wa Birere, nanyi vijana mnaopokea mshahara wa kwanza: neno lile likisemwa tena mezani, msicheke tu. Ulizeni: kesho ya nani? Kisha mwende nyumbani na fedha ya mtoto mfukoni.