Saa Si ya Kusomwa Tu

Imekuwa desturi katika shule zetu za msingi kufundisha saa kama tufundishavyo alfabeti. Mwalimu huchora duara ubaoni, huandika tarakimu 1 hadi 12, huweka mishale miwili, kisha huuliza, "Saa ngapi?" Mshale mfupi ukiwa kwenye 7, watoto huitika kwa pamoja, "Saa moja!" Somo limekwisha. Sisi twaona kwamba somo hilo bado halijaanza.

Mtoto aliyefundishwa hivyo huweza kusoma uso wa saa, lakini hajui saa yenyewe hujuaje. Akiuliza, hujibiwa, "Ni mitambo." Jibu hilo humfundisha kuwa vyombo ni vya kutumiwa, si vya kuelewa.

Kila saa ina mambo matatu: kitu kirudiacho mwendo wake kwa muda ulio sawa, nguvu ya kukiendesha, na njia ya kuhesabu. Katika saa ya pendulamu, aliyoibuni Mholanzi Christiaan Huygens mwaka 1656, kirudiacho mwendo ni uzito unaoning'inia. Katika saa ya mkono ya kutia ufunguo, nguvu hutoka kwenye kamani iliyokazwa. Gurudumu dogo, lenye kamani nyembamba kama unywele, huzunguka kwenda na kurudi, na kila mara huruhusu gurudumu lenye meno lisogee hatua moja. Mlio tuusikiao ndio huo. Katika saa nyingi ni mara 5 hadi 8 kwa sekunde.

Saa ya kwatzi, iliyoanza kuuzwa kwa kuvaliwa mkononi huko Tokyo mwaka 1969, hutumia betri. Umeme hutetemesha kipande kidogo cha kwatzi mara 32,768 kwa sekunde. Sakiti huigawa hesabu hiyo kwa mbili, mara 15, hadi libaki pigo moja tu, nalo husogeza mshale wa sekunde. Mwanafunzi ajuaye kugawanya aweza kuifuata safari hiyo yote katika daftari lake.

Watakuwapo watakaosema kwamba hayo ni ya sekondari, tena vifaa hatuna. Twawajibu: je, uzi na jiwe navyo hatuna? Funga jiwe dogo kwenye uzi, ulitundike msumarini, na umbali kutoka msumarini hadi katikati ya jiwe uwe sentimita 25. Lisukume kidogo. Watoto wahesabu kila liendapo na kurudi, nawe utazame saa yako. Wakifika 60, dakika moja itakuwa imepita.

Kisha uliza: tukifunga jiwe zito zaidi, je, litakwenda upesi zaidi? Wengi watasema ndiyo. Usiwasahihishe. Funga jiwe zito, upime tena sentimita 25, wahesabu upya. Jiwe lenyewe litawajibu kwamba uzito haubadilishi kitu. Refusha umbali hadi mita moja, nao wataona kwamba urefu ndio utawalao: kwa dakika ile ile watahesabu mara 30 hivi.

Ndugu walimu wanafunzi, kipindi hicho hakihitaji senti. Kinahitaji mwalimu aliye tayari kunyamaza na kuliachia jiwe lifundishe. Mtoto aliyetengeneza sekunde kwa mkono wake hatasahau kusoma saa, wala hataridhika tena akiambiwa, "Ni mitambo."