Longicharo: Ngome ya twiga ilivyogeuka gereza

TWIGA tisa waliovushwa Ziwa Baringo kwa chelezo kati ya Desemba 2020 na Aprili 2021 walinusurika. Hata hivyo, kisiwa walichokiacha kimezua suala zito: je, maji pekee yatosha kuwa ukuta wa kuwalinda wanyamapori?

Mnamo 2011, twiga wanane wa Rothschild, ambao pia huitwa twiga wa Baringo, walirejeshwa Longicharo baada ya aina hiyo kutoweka eneo hilo kwa takriban miaka 70. Wakati huo Longicharo ilikuwa rasi. Kuzungukwa na maji pande tatu kulionekana kinga tosha dhidi ya wawindaji haramu, na kweli kulisaidia.

Lakini kinga kubwa zaidi ilikuwa nchi kavu. Hifadhi ya Ruko, inayomiliki mradi huo, ni zao la Wapokot na Wailchamus, jamii ambazo zimewahi kumwaga damu kwa ajili ya mifugo na malisho. Jina lenyewe limeunganisha Rugus na Komolion. Askari wa pande zote mbili hushika doria pamoja, jambo ambalo hakuna ziwa lingeweza kulifanya.

Mvua kubwa zilipofurisha maziwa ya Bonde la Ufa, rasi ikakatwa na kuwa kisiwa kilichozidi kumegwa. Majani yakapungua, askari wakalazimika kupeleka chakula kwa mashua, na baadhi ya ndama waliozaliwa huko hawakuishi. Ngome ikawa gereza.

Uokoaji haukuwa mzaha. Kumlaza twiga kwa dawa ni hatari, kwani aweza kupaliwa na mate yake mwenyewe. Wa kwanza, Asiwa, alivushwa juu ya chelezo cha chuma kilichoelea kwa mapipa matupu. Baadhi ya wenzake walizoeshwa kupanda wenyewe kwa kuvutwa na chakula. Shirika la Wanyamapori (KWS), jamii na wafadhili waliwafikisha katika eneo lenye ua la ekari 4,400, humo humo Ruko.

Maelfu ya wakazi wa Baringo waliopoteza nyumba, shule na mashamba kwa maji hayo hayo hawakujengewa chelezo. Ni wao, pamoja na askari wao, wanaotarajiwa kuendelea kuwalinda twiga hao.